Donge la mkate limelala kwenye frigo, asubuhi nimelikuta limeporomoka. Nimekosea wapi?

MamaFuraha_Nguba (Bukavu) · Jumapili, saa 1:52 asubuhi

Jambo wapendwa. Naandika unga ungali kwenye kucha, na roho inaniuma kwa kilo mbili za ngano.

Nyumbani tuko saba. Mimi narudi kazini jioni, watoto wanatoka kwenda shule saa 12:30 asubuhi. Nilianza kuoka mwenyewe mwaka jana na mkate wangu wa Jumamosi hauna shida, maana Jumamosi nina mchana mzima wa kuusubiri uumuke. Shida ni siku za kazi. Jirani akaniambia: kanda usiku, tia kwenye frigo, alfajiri unachoma tu. Nikaona nimepona.

Jana usiku nilifanya hivi. Unga kilo 2, levire ya punje ndogo (ndugu wa Tanzania na Kenya, ndiyo hamira yenu) vijiko sita vya chai, kipimo changu cha kila Jumamosi. Chumvi vijiko vitatu, sukari nusu kikombe, mafuta kidogo, maji ya vuguvugu. Nikakanda dakika 20 hadi likawa laini kama sikio. Saa 2 usiku nikalitia kwenye ndoo ya plastiki yenye kifuniko, moja kwa moja kwenye frigo, rafu ya chini. Umeme ulikatika kama saa 5, ukarudi saa 9.

Saa 10 alfajiri nafungua, kifuniko kimesukumwa kimekaa upande. Donge lilikuwa limepanda hadi ukingoni kisha likashuka, alama yake imebaki kwenye ubavu wa ndoo kama alama ya mafuriko ukutani. Katikati shimo. Pembeni majimaji ya kijivu. Harufu ni ya kasiksi (pombe yetu ya ndizi) ya siku ya tatu, kabisa. Nilipolishika kulitoa lilikatika kama kitambaa kilicholowa. Nikalioka hivyo hivyo kwa kuwa sikuwa na kingine: mikate bapa, juu myeupe, mdomoni uchachu unaokaa kooni. Wadogo wamekula. Mkubwa ameacha nusu.

Nauliza wanaojua. Je, kulaza donge kwenye frigo ni jambo la wenye umeme wa saa 24 peke yao? Au kuna mahali nimekosea ambapo naweza kurekebisha?

---

Neema_Himbi (Goma) · Jumapili, saa 2:20 asubuhi

Pole sana mama. Mimi yalinipata hayo mara mbili, nikaacha. Nakaa hapa nisubiri jibu.

---

Kijana_Panzi (Bukavu) · Jumapili, saa 2:41 asubuhi

Mama Furaha, tia kwenye friza, si frigo. Baridi kali itaikamata levire upesi.

---

Mwokaji_Kadutu (Bukavu) · Jumapili, saa 4:05 asubuhi

Mama Furaha, pole na unga. Nimefanya kazi ya mikate usiku miaka ishirini na miwili, kwenye furu (tanuri) ya kuni na baadaye ya umeme, basi nikueleze polepole, maana ulichouliza kina maana kubwa kwa kila nyumba yenye watoto.

Kwanza ujue hili: donge lako halikuharibiwa na frigo, wala na umeme kukatika. Liliharibika kabla baridi haijalifikia.

Levire ni kiumbe hai. Baridi haiiui, inaipunguzia mwendo. Kwenye nyuzi 4 inakaribia kusinzia. Kwenye nyuzi 25 hadi 30 inakimbia. Ikifika karibu na 60 imekufa, ndiyo maana mkate ukishapata moto hauumuki tena. Sasa tazama wewe ulivyofanya. Maji ya vuguvugu, mikono yako dakika 20 ikiongeza joto, donge likatoka likiwa na nyuzi 28 au zaidi. Kilo mbili za unga pamoja na maji yake ni mzigo wa kilo 3 na kitu. Umeufunga kwenye ndoo ya plastiki, na plastiki haipitishi baridi upesi. Tumbo la donge kubwa kama hilo hukaa na joto saa nyingi ndani ya frigo, na levire inapofanya kazi inaongeza joto lake yenyewe. Umeme ulipokatika saa 5, ngozi ya juu ilikuwa baridi lakini katikati kulikuwa bado kiangazi. Kazi yote ilikwisha kabla ya saa 7 usiku, baada ya hapo levire ikabaki inakula na kutoa pombe. Ndiyo kasiksi uliyonusa. Yale majimaji ni nguvu ya unga iliyovunjika: ule utando unaoshika hewa umelegea ukaachia maji.

Halafu kipimo. Vijiko sita kwa kilo mbili ni kipimo cha kuoka leo leo, baada ya saa moja na nusu au mbili. Donge la kulala linataka theluthi yake. Vijiko viwili vya chai, vilivyosawazishwa kwa kisu, vinatosha. Watu wanaogopa hapa, wanasema halitaumuka. Litaumuka, kwa sababu umelipa usiku mzima.

Chumvi nayo ulipunguza. Kwa kilo moja ya unga weka gramu 20, yaani vijiko vitatu na nusu hivi vya chai vya chumvi laini. Wewe uliweka vitatu kwa kilo mbili. Chumvi si ladha tu. Inaishika levire isikimbie, na inaupa utando wa unga nguvu. Donge lisilo na chumvi ya kutosha linalala vibaya.

Maji yawe ya bomba, ya baridi yake ya kawaida. Vuguvugu ni ya mtu mwenye haraka.

Na jambo ambalo jirani yako hakukuambia: usiliache donge zima. Ligawe vipande viwili au vitatu, vibonyeze viwe bapa kama kitabu kinene, uvipange kwenye sinia pana ya bati uliyoipaka mafuta, ufunike. Bati linapitisha baridi, na kitu bapa kinapoa mara kadhaa upesi kuliko tufe. Baada ya saa moja fungua mara moja tu, ubonyeze hewa itoke, ufunge, ukalale. Likishapoa hivyo, umeme ukikatika kwa muda wa saa nne huku mlango wa frigo haujafunguliwa, hutaona tofauti. Mimi huweka chupa mbili za maji yaliyoganda kando ya sinia. Umeme ukiondoka zinashika zamu.

Kijana wa Panzi, friza ni jambo jingine. Kuganda kunaua sehemu ya levire, na donge likiyeyuka linakuwa na nguvu kidogo. Anayetaka kuweka wiki mbili sawa, aongeze levire. Kwa usiku mmoja hapana.

Na Mama, hilo donge lililoporomoka kama limebaki lolote usilimwage. Kipande cha ukubwa wa ngumi kichanganye kwenye donge jipya. Kitaupa mkate harufu nzuri ambayo levire peke yake haiwezi.

---

MamaFuraha_Nguba · Jumapili, saa 4:48 asubuhi

Papa Mwokaji, aksanti sana. Nimesoma mara mbili, ya pili kwa sauti ili binti yangu asikie. Kumbe nilikuwa nafunga blanketi mtu mwenye homa.

Swali. Alfajiri nikilitoa, naoka hapo hapo au nasubiri? Na mimi sina furu ya umeme. Naoka kwa sufuria nzito juu ya mbabula (jiko la makaa), mchanga chini, makala juu ya kifuniko.

---

Mwokaji_Kadutu · Jumapili, saa 5:30 asubuhi

Hapo ndipo wengi wanapotea, na nilipaswa kuanza nako.

Kuna njia mbili za kulaza. Ya kwanza ni kulaza donge kabla halijakatwa. Alfajiri unalitoa, unakata, unaviringa, unasubiri mikate ipate joto na iumuke. Kwa hali ya hewa yetu ya Bukavu asubuhi, kungoja huko ni saa moja na nusu, hata mbili. Mtoto anayetoka 12:30 itabidi wewe uamke saa 8 usiku. Njia hii iache kwa Jumapili.

Ya pili ni kulaza mikate iliyokwisha kuviringwa. Unakanda ukirudi kazini, saa 12 jioni. Unaliacha mezani saa moja, saa moja na robo, mpaka lipande nusu ya ukubwa wake, si mara mbili. Unakata mikate midogo ya gramu 60 au 70, unaviringa, unapanga kwenye sinia kwa nafasi, unafunika, frigo kabla ya saa 3 usiku. Mkate mdogo unapoa ndani ya muda mfupi, hauna tumbo la kuficha joto. Saa 10:30 alfajiri unawasha mbabula, na wakati huo huo unatoa sinia. Makala yakishakolea na mchanga ukishapata moto, mikate nayo imeondoa ule ubaridi wa kwanza. Unaiweka.

Kwenye furu ya umeme yenye moto wa nyuzi 220 mkate unaingia baridi na hauna shida. Kwa sufuria ya makala, mkate mkubwa ukiingia baridi chini unaungua na katikati ubichi. Kwa hiyo udogo wa mkate kwako ni lazima. Makala mengi juu ya kifuniko, machache chini: theluthi chini, theluthi mbili juu.

Kujua kama uko tayari: bonyeza na kidole kilichopakwa unga. Shimo likirudi haraka, bado. Likirudi polepole na kubaki kidogo, oka. Lisiporudi kabisa, umechelewa, oka upesi.

---

Da_Esperance_Birere (Goma) · Jumapili, saa 7:15 mchana

Mimi nauza mikate midogo ya maziwa, nakubaliana na Papa isipokuwa naongeza mambo mawili ambayo mimi nililia nayo.

Kufunika. Frigo inakausha. Mkate ukilala wazi unapata ngozi ngumu juu, na ngozi ile haipanuki. Mkate ukipata moto unapasuka ubavuni. Kitambaa hakitoshi, kinanyonya maji ya donge. Mimi nachukua mfuko mkubwa wa plastiki safi, naupaka mafuta ndani kwa vidole, natia sinia nzima humo, napuliza kidogo ili plastiki isiguse mikate, nafunga fundo.

La pili ni harufu. Siku moja nililaza mikate 80 kwenye frigo moja na bakuli la sambaza (samaki wadogo wa ziwani) mbichi lililofunikwa kwa sahani. Asubuhi mikate ilikuwa mizuri kwa macho, rangi ya asali. Mteja wa kwanza akauma, akaniangalia, akaniuliza kama nimeikaanga kwenye mafuta ya samaki. Siagi na maziwa vinavuta harufu ya kila kitu kilicho jirani. Ilibidi nitoe yote bure kwa watoto wa mtaa. Sasa sambaza na mkate havilali nyumba moja.

Kwa donge lenye siagi na mayai frigo ni baraka kubwa zaidi, kwa sababu siagi inakuwa ngumu. Lile donge ambalo jioni linakunatia mikono yote, asubuhi unaliviringa bila hata kunyunyiza unga. Lakini lenye mayai na maziwa lisikae mezani muda mrefu. Liende kwenye baridi mapema, na lisipite siku moja.

---

Kijana_Panzi · Jumapili, saa 8:02 mchana

Papa, nimeelewa kuhusu friza, aksanti kwa kunisahihisha. Lakini nauliza kitu kingine kwa moyo. Sisi wengine frigo hatuna kabisa. Bukavu usiku ni baridi, sakafu ya saruji jikoni kwetu alfajiri inauma miguu. Haiwezi kufanya kazi ya frigo?

---

Mwokaji_Kadutu · Jumapili, saa 9:10 mchana

Swali zuri kuliko yote ya leo. Inaweza, na ndivyo tulivyofanya sisi zamani.

Usiku wetu hushuka mpaka nyuzi 15 hivi nje, ndani ya nyumba ni 18 hadi 20. Hiyo si baridi ya kusinzisha levire, ni ya kuitembeza. Basi unaikata zaidi: robo ya kijiko cha chai kwa kilo moja ya unga, maji ya baridi, chumvi kamili. Kanda saa 3 usiku, funika sufuria, iweke sakafuni mbali na jiko. Baada ya muda wa saa 9 au 10 litakuwa limefika. Kiwango hicho kidogo kinatisha macho, najua. Jaribu kwa nusu kilo kwanza.

Nakumbuka usiku mmoja kazini jenereta ilizima, frigo kubwa ikafa, na tulikuwa na mchanganyiko wa mfuko mzima wa kilo 50 umeshakandwa. Msimamizi alikuwa mzee mmoja mtulivu. Alituambia tulitoe lote, tulikate mabapa, tuyapange sakafuni kwenye korido inayopitisha upepo wa ziwani, juu ya mifuko ya unga iliyooshwa. Tulikaa macho tukiyabonyeza kila baada ya dakika arobaini. Mikate ilitoka saa 11 alfajiri kama kawaida, na mtaa wetu wa Kadutu haukujua kitu. Tangu usiku ule naamini mwokaji haangalii saa wala mashine, anaangalia donge.

---

Mwana_Katuba (Lubumbashi) · Jumapili, saa 12:33 jioni

Salamu kutoka Lubumbashi. Huku sakafu inategemea mwezi. Juni na Julai usiku unashuka chini ya nyuzi 10, donge la mama yangu linalala verandani ndani ya sufuria yenye kifuniko na jiwe juu (kwa ajili ya paka), asubuhi liko vizuri. Oktoba joto linapita 30 mchana na kuta zinalihifadhi mpaka usiku wa manane, sakafu haisaidii chochote. Oktoba tunatumia glasieri (sanduku la kuhifadhi baridi) ya vinywaji na chupa za barafu, tunabadilisha chupa kabla ya kulala.

---

Mwalimu_Bagira (Bukavu) · Jumapili, saa 2:20 usiku

Nafundisha biolojia na uzi huu umenifurahisha, niruhusuni niongeze sababu za mkate wa usiku kuwa na ladha kuliko wa haraka, maana hilo halijatajwa.

Ndani ya unga wa ngano kuna vimeng'enya vinavyokata wanga kuwa sukari. Baridi inaipunguza levire sana, lakini vimeng'enya vinaendelea kidogo kidogo. Kwa hiyo asubuhi donge lina sukari ambayo levire haijaimaliza. Sukari hiyo ndiyo inayoupa mkate rangi ya kahawia na harufu ya ganda. Mama Furaha, mikate yako ilitoka myeupe kwa sababu kinyume chake kilitokea: levire ilikimbia ikala yote, hapakubaki cha kubadilika rangi. Pamoja na hayo, bakteria wachache waliomo kwenye unga hutoa asidi kidogo, na kwa kiasi hicho kidogo asidi ni ladha.

Tena, muda unakanda. Unga ukilowa maji na kuachwa, gluteni (ule utando unaoshika hewa) inajiunganisha yenyewe. Raymond Calvel, mwalimu wa waokaji Ufaransa, alilieleza hilo miaka ya 1970: changanya unga na maji, acha upumzike, ndipo ukande. Kwa donge linalolala usiku kucha dakika 8 za kukanda zinatosha, si 20. Mikono yako ipumzike.

Na jambo la mwisho, mwinuko. Bukavu na Goma ziko kama mita 1,500 juu ya bahari, Lubumbashi kama 1,200. Hewa yetu ni nyepesi, inalemea donge kidogo kuliko hewa ya pwani, kwa hiyo hewa iliyomo ndani inapanuka zaidi na donge linapanda haraka. Anayefuata kipimo cha video ya Mombasa au Dar es Salaam apunguze levire kama robo, hata kwa mkate wa siku hiyo hiyo.

---

Neema_Himbi · Jumapili, saa 2:47 usiku

Mwalimu, nitajuaje frigo yangu ina nyuzi ngapi? Ni ya mitumba, kitufe kina namba 1 mpaka 5 na sijui maana yake. Nina kipimajoto cha homa tu.

---

Mwalimu_Bagira · Jumapili, saa 3:05 usiku

Cha homa hakitasaidia, kinaanzia nyuzi 35. Tumia donge lenyewe. Chukua kipande cha ukubwa wa limau kutoka kwenye donge lenye levire ndogo alivyosema Papa, kitie kwenye glasi iliyonyooka, funga mpira wa nywele usawa wa donge. Funika, weka pale utakapoweka sinia. Asubuhi likiwa limepanda nusu au karibu mara mbili, pale panafaa. Likipita mara mbili, pana joto, jaribu rafu nyingine au ongeza namba. Lisiposogea kabisa, baridi ni kali, liache mezani muda zaidi kabla ya kuingiza.

---

Da_Esperance_Birere · Jumapili, saa 3:18 usiku

Na msiweke kwenye mlango wa frigo. Mlango ndio wenye joto kuliko kote.

---

Mama_Shukuru_Essence (Bukavu) · Jumatatu, saa 3:40 asubuhi

Mimi nachanganya unga wa mihogo kupunguza gharama. Naweza kulaza?

---

Mwokaji_Kadutu · Jumatatu, saa 6:12 mchana

Mama Shukuru, muhogo hauna gluteni, haushiki hewa. Mkate wa kulala unataka unga wenye nguvu, kwa sababu unabeba hewa usiku mzima. Kaa kwenye sehemu moja ya muhogo kwa tisa za ngano, utalala bila shida. Ukifika theluthi, kanda na uoke siku hiyo hiyo.

---

MamaFuraha_Nguba · Jumatano, saa 1:30 asubuhi

Narudi na habari, na si nzuri zote.

Jana nilitumia kilo 1 tu, kijiko kimoja cha levire, gramu 20 za chumvi, maji ya bomba. Nilikanda dakika 10. Lakini nilichelewa kurudi, mvua ilifunga njia ya Nyawera, nikaanza saa 2 usiku. Nikaona muda hakuna, sikuliacha mezani. Nikakata mikate 24, nikaipanga kwenye sinia mbili, mfuko wa plastiki na fundo kama Da Esperance alivyosema, frigo.

Umeme haukukatika usiku huo hata dakika moja. Saa 10:30 nafungua: mikate iko vile vile nilivyoiacha, migumu, baridi, kama mawe ya mtoni. Nilikaa nayo karibu na mbabula saa nzima, watoto wameshavaa. Imetoka midogo na mizito, lakini rangi! Kahawia, ganda linalia chini ya kisu. Na ladha hakuna aliyeacha. Uchachu hakuna kabisa.

Papa, ni levire kidogo mno?

---

Mwokaji_Kadutu · Jumatano, saa 6:40 mchana

Hapana, levire ni sawa. Uliruka ile saa moja ya mezani, ndiyo iliyokosekana. Levire ilikamatwa na baridi kabla haijaamka. Donge linaloingia kwenye frigo lazima liwe limeshaanza safari: ukilikata kwa kisu uone vitundu vidogo kama vya sifongo. Visipoonekana, subiri, hata kama umechelewa.

Siku ukichelewa namna hiyo, geuza njia. Kanda, liache bapa kwenye sinia bila kukata, na mikate ya asubuhi iwe ya jana. Donge lako litakusubiri mpaka jioni ya pili. Kwenye baridi nzuri linakaa siku mbili, na ladha inaongezeka. Siku ya tatu huanza kulegea.

Na geuza sinia ya mikate kabla ya kulala: iliyo karibu na ukuta wa nyuma wa frigo hupata baridi kuliko ya mbele.

---

Neema_Himbi · Ijumaa, saa 12:50 asubuhi

Nimefanya jaribio la glasi siku tatu. Kwenye namba 2 lilipanda mpaka likagusa kifuniko. Kwenye namba 4, rafu ya kati, lilipanda kidogo zaidi ya nusu. Kumbe miaka yote maziwa yangu yalikuwa yanaganda kwa uchachu kwa sababu hiyo. Leo usiku nalaza mkate.

---

MamaFuraha_Nguba · Jumamosi, saa 1:10 asubuhi

Jana nilirudi mapema. Nilikanda saa 11:45 jioni, donge likakaa mezani saa moja na dakika kumi. Nilikata kipande kwa kisu kabla ya kuviringa, nikawaita watoto waone: vitundu vingi, vidogo kama ncha ya sindano. Mikate 24, frigo saa 2 kasoro. Chupa mbili za barafu kando. Umeme uliondoka saa 4 usiku na haukurudi mpaka asubuhi. Nililala nikiwa na wasiwasi, sikufungua mlango.

Saa 10:30 mikate ilikuwa imevimba, imegusana mabega. Nilibonyeza mmoja, shimo likarudi polepole. Makala machache chini, mengi juu. Wa kwanza nilitoa saa 11:20. Nimeupasua kwa mikono, ndani mweupe, mvuke, nyuzi zinavutika. Mkubwa amekula minne, akaweka miwili mfukoni akaenda.

Nina swali moja limebaki, Papa. Sufuria yangu inaingiza mikate minane kwa mara moja. Ile kumi na sita inayongoja zamu iliendelea kuvimba mezani, na ya mwisho ilitoka bapa kidogo. Niiache ndani ya frigo hata kama umeme haupo?

---

Mwokaji_Kadutu · Jumamosi, saa 2:25 asubuhi

Ndiyo, iache humo, frigo iliyozima bado ina baridi kuliko meza iliyo karibu na mbabula. Toa minane tu kila wakati minane inapoingia kwenye moto. Na ya mwisho usiipe muda wa kungoja hata kidogo, iingie baridi, makala wakati huo yameshapungua ukali na chini haitaungua.